Taa Nyekundu Niliyoiziba

Kawangware 46,
Jumapili, jioni.

Achieng' wangu,

Umeenda kuwaaga wenzako wa kwaya, na umesema utarudi kabla giza halijaingia. Mimi nimekaa kwenye kitanda chako, maana kiti kimoja kimekaliwa na begi lako na kingine kina sufuria, nami namwandikia barua mtu ambaye nitakula naye ugali baada ya saa mbili. Ungekuwa hapa ungecheka, ungesema, "Buda, si uniambie tu?" Nimejaribu kukuambia kwa wiki tatu. Kila nikifungua mdomo linatoka lingine: mara kandarasi ina maneno mengi, mara mvua za huko ziwani, mara viatu vyako havifai. Kwa hiyo nimechukua daftari lako la kemia, lile ambalo halikujaa, nijaribu kwa mkono yaliyokataa kwa mdomo.

Sitakuambia uvae sweta wala uchemshe maji. Wewe ndiye umekuwa ukiniambia hayo tangu tubaki wawili. Sitakuambia uombe wala uandike. Utaomba, na kuandika utaandika siku ukiwa na la kuandika. Nitakuambia habari ya kazi unayoiendea, kwa sababu naijua, na habari yangu mimi, ambaye unadhani unanijua.

Mimi ni mtu wa kushuku, hilo halihitaji shahidi. Namshuku msimamizi wa ploti hii tunayopanga kwa kuwa anajua kila siku ninayopokea barua. Namshuku muuza nyama anayefunga kwenye gazeti kabla sijauona mfupa. Mtu akinisalimia mara mbili kwa siku moja huwa naanza kujiuliza anataka nini. Ulipokuwa shule ya msingi uliufanya mchezo. Nikiingia tu mlangoni unaniuliza, "Sasa leo ni nani?" nami nakutajia mshukiwa wa siku hiyo, tunacheka mpaka tunasahau mboga jikoni.

Lakini kwa wiki hizi tatu mshukiwa amekuwa mmoja, na hatujacheka. Ni yule mwelekezi wa filamu kutoka ng'ambo, ambaye Gatwekera nzima, kule Kibera tulikokuwa tukiishi, ilimwita Asante Sana kwa sababu alishukuru kila kitu, hata akikanyagwa. Barua yake ya kukuita kazini nimeisoma mara nne. Niliishika kwenye mwanga wa dirisha nikitafuta kama kuna kilichofutwa. Nikakuuliza, kwa nini wewe? Nairobi ina vijana wangapi wanaojua kamera? Kwa nini amtafute binti wa mtu aliyeacha kufanya kazi naye miaka saba iliyopita? Ukanijibu, "Labda ni vile niko sawa, fathe. Kwani haiwezekani niwe tu najua job?"

Ni kweli unaijua. Nimekufundisha mimi kwenye harusi za Kawangware, wewe umebeba betri, mimi nimebeba kamera, kisha wewe kamera na mimi betri, kisha wewe kamera na mimi nimekaa na wazee nakunywa soda. Mkono wako umetulia kuliko wangu. Lile nililokufundisha la macho mawili ulilishika siku ya kwanza: jicho lililo kwenye kitundu cha kamera linaona unachokitaka, kwa hiyo lile lingine usilifumbe, maana ndilo litakalomwona aliyesimama kando akikutazama wewe. Wapiga picha wengi hulifumba. Mimi sikuwahi kulifumba, nikawa najivuna kwamba hakuna kinachonipita.

Mimi niliingia kwenye kazi hii kwa mlango wa uani. Nilikuwa napiga picha ndogo za kitambulisho pale Kibera, kwenye kibanda tulichogawana na kinyozi, yeye mbele, mimi nyuma ya pazia la bluu. Asante Sana alikuja akitafuta mtu wa kubeba stendi ya kamera anayejua njia za Gatwekera, kwa kuwa njia zile hazina majina na kila moja inaishia kwenye mlango wa mtu. Nilibeba stendi miezi minne. Kisha kameramani wake akashikwa na tumbo, na kamera ikawekwa begani mwangu kwa sababu hakukuwa na bega lingine. Nilipiga picha akina mama wakiwa kwenye foleni ya maji. Jioni, mwelekezi alipoitazama ile kanda, alisema asante sana mara sita. Nilihesabu.

Nataka ujue niliipenda kazi ile. Nimekuonyesha upande wa manung'uniko tu, lakini niliipenda mno. Kulikuwa na asubuhi nilizotoka na kamera nikasahau kwamba nina njaa. Mtu ananyoa mwanawe, jua limeingia kwenye upenyo wa mabati, nami niko pale na hakuna anayenijali, na ninajua kwamba picha hii imeshika na haitapotea tena. Furaha hiyo utaipata, na hapo ndipo ujichunge. Mabaya yote niliyoyafanya kwenye kazi hii niliyafanya nikiwa na furaha hiyo.

Sasa nikurudishe Gatwekera. Ulikuwa na miaka kumi na miwili, kwa hiyo unaukumbuka mstari wetu, vyumba vinane vimeshikana mgongo, chetu cha tatu, cha Mama Otis cha nne. Mama Otis ndiye aliyekusuka nywele, na uji wake ulikuwa na ndimu nyingi ukaukataa mpaka siku ulipoupenda. Unamkumbuka pia mzee wa kijiji, tuliyemwita Mzee Kofia. Alikuwa amekataza mtu yeyote kwenye mstari ule kukarabati. Ukitaka kugonga msumari mmoja, ukitaka kukandika shimo la panya, ni mpaka yeye aruhusu, na hakuruhusu. Alikuwa na watu wake walioitaka nafasi ile. Alingoja kuta zetu zianguke zenyewe ili aseme nyumba hazifai.

Akina mama wakabuni lao. Walijenga ukuta mpya ndani ya ule wa zamani. Fito mpya na udongo mpya upande wa ndani wa chumba, na nje wakaacha udongo ule ule uliomomonyoka na mabati yale yale yenye kutu. Udongo waliuingiza kidogo kidogo kwa karai, umefunikwa na nguo za kufua. Vyumba vilipungua, kitanda chetu kikawa kinauzuia mlango usifunguke vizuri, lakini ndani mlikuwa mkavu. Mzee Kofia alipita kila wiki na fimbo yake, akigusagusa kwa nje, akiondoka anashangaa kwa nini hatuanguki. Hata ninyi watoto mlionywa msisukumane ukutani, kwa sababu sauti ya ukuta ilikuwa imebadilika. Mwaka mzima watu wa vyumba vinane walilijua jambo hilo na hakuna mdomo uliotoboka.

Sasa nikuambie kuhusu taa. Kamera zile za begani zilikuwa na taa ndogo nyekundu kwa mbele, na ikiwaka ujue kamera inachukua. Watu wa Gatwekera walilijua hilo upesi kuliko nilivyolijua mimi. Taa ikiwaka Mama Otis ananyoosha mgongo, anaanza kusema Kiswahili cha redioni. Ikizima anarudi kuwa Mama Otis. Asante Sana alilalamika siku moja tukiwa tunakula, akasema watu huwa wanasema mambo mazuri mara tu kamera ikizimwa. Alisema hivyo kwa masikitiko, kama mtu anayeilalamikia mvua. Hakuniambia nifanye lolote. Tafadhali kumbuka hilo, kwa sababu kwa miaka saba nimekuacha uamini vingine.

Ni mimi niliyeenda kwa fundi wa stima nikamwomba kipande cha tepu nyeusi, upana wa ukucha, nikakibandika juu ya ile taa. Utawaona wengine wakifanya hivyo. Wengi huiziba kwa sababu inamulika kwenye vioo na kuharibu picha. Mimi niliiziba ili watu wasijue.

Siku yenyewe ilikuwa mchana, baada ya chakula. Mama yako na Mama Otis walikuwa wakifua mbele ya mlango wetu. Unakumbuka mama yako alikuwa akifua nguo za nyumbani kwa Mzee Kofia, anazichukua Jumatatu anazirudisha Jumatano. Basi Mama Otis akainua shati kutoka kwenye karai.

"Yawa! Hii ndio shati ya mwenyewe?" akasema. "Kumbe kifua ni kidogo hivi. Na vile anatutembelea na fimbo! Anagonga huku nje, to! to! to!, kumbe ukuta iko ndani inamwangalia tu. Laini yote! Nane! Na yenu tumemaliza jana, hata haijakauka."

Alicheka mpaka akaketi chini. Sijawahi kupata kicheko kama kile kwenye kamera, kabla wala baada. Mama yako hakucheka. Alimwambia, "Wewe, punguza sauti." Kisha akanigeukia. Nilikuwa nimesimama hatua nne kutoka kwao, kamera begani.

"Baba Achieng', hiyo kitu imezima?"

"Imezima," nikasema.

Wote wawili walitazama mbele ya kamera, hawakuona nyekundu, mama yako akarudi kulikamua lile shati. Kanda ilikuwa inazunguka.

Ungeniuliza wakati ule kwa nini, ningekuambia sina nia mbaya, nataka kicheko tu, hayo mengine yatakatwa. Lakini sikuyakata. Kulikuwa na kazi nyingine niliyokuwa nikiifanya, ya kumtafsiria Asante Sana kila kilichosemwa, kwa maandishi, maana Kiswahili chake kiliishia kwenye jina lake. Nilitafsiri kila neno la Mama Otis, hata lile la kifua. Niliacha mawili tu, swali la mama yako na jibu langu. Niliona aibu yasomwe. Kwa hiyo yeye aliposoma aliona wanawake wawili wanaojua wanapigwa picha na wameamua kusema kweli, akafurahi sana.

Siku kumi hazikupita, Mzee Kofia akaja na vijana wenye majembe. Hukuwapo, ulikuwa shuleni, lakini uliyakuta. Nje hawakugusa kitu. Waliingia ndani, chumba kimoja baada ya kingine, wakabomoa ukuta wa ndani tu. Hawakukosea hata chumba kimoja. Chetu walianzia ile kona iliyokuwa mbichi. Na wakati huo Mzee Kofia amesimama nje na fimbo yake. Mvua ikaja juma hilo hilo, na ule ukuta wa zamani wa Mama Otis ukaanguka wote barabarani. Alilala siku tatu na wanawe juu ya meza ya jirani yetu Mama Rispa, kisha akahamia Soweto West, mtaa mwingine wa Kibera.

Watu wakauliza, nani amesema? Ungekuwa wewe ungemshuku nani? Wanawake wawili waliokuwa kwenye karai, mmoja ndiye aliyepoteza nyumba, na mwingine kila Jumatano anaingia nyumbani kwa Mzee Kofia na nguo zilizopigwa pasi. Kuna aliyeuliza, na kamera je? Ni Mama Otis mwenyewe aliyejibu. Akasema kamera ilikuwa imezima, aliitazama kwa macho yake. Kwa hiyo mimi nilitoka kwenye hesabu, nikabaki nimesimama kando na wale wanaouliza.

Wewe uliambiwa na Otis kwamba aliyesema ni mama yako, njiani mkitoka shule. Mama yako aliambiwa na mfereji wa maji. Akifika na mtungi wake, wenzake wanasogeza yao, maneno yanakatika. Hakuna aliyemtukana, na nadhani angependa kutukanwa.

Nami nilimshuku, Achieng'. Unajua ninavyoshuku. Nilikaa nikikumbuka kila Jumatano aliyochelewa, nikajiambia labda walimpa chai huko, wakamwuliza habari za nyumbani, naye akajisahau. Kanda nilijua iko kwenye kabati mjini, imeonwa na mimi na mwelekezi tu, na mwelekezi angemwambia Mzee Kofia kwa lugha gani? Basi nikamwuliza mke wangu, "Ulisema nini huko unakofulia?"

"Hata wewe?" akasema. Kisha akauliza, "Na hiyo mashine yako, kweli ilikuwa imezima?"

Nikamwambia ilikuwa imezima.

Wiki iliyofuata nilimkuta Asante Sana mjini akifunga masanduku. Akanieleza, kwa furaha, kwamba ile sehemu ya kuta imekamilika. Siku ile aliyonituma nije kupiga picha soko la Kawangware, yeye alimpelekea Mzee Kofia ile kanda, akamwonyesha kwenye televisheni ndogo ndani ya gari, ili naye apate nafasi ya kujibu. Na hiyo ndiyo haki katika kazi yetu. Mtu akisemwa vibaya kwenye filamu yako, humalizi kabla hujamsikiliza. Mzee Kofia alitazama mpaka mwisho, hakuhitaji tafsiri, akasema hana la kusema, akashuka. Ilikuwa siku nne kabla ya majembe.

Nadhani uso wangu ulibadilika, kwa sababu Asante Sana aliacha kufunga sanduku akaniuliza, "Lakini wale akina mama walijua, sivyo? Walijua wanapigwa picha?"

Nikasema ndiyo. Sikumwambia habari ya majembe wala ya Mama Otis. Alipanda ndege juma lile akiamini amefanya kazi safi, nami sikumwandikia tena. Wewe nilikuambia nimeachana naye kwa kuwa si mtu wa kuaminika. Umekua ukisikia hivyo. Ukweli ni kwamba angejua asingeipeleka ile kanda popote, na mimi ndiye niliyemnyima kujua.

Nilirudi nyumbani siku hiyo nikiwa najua kila kitu. Mama yako alikuwa anachagua mchele, hakuinua kichwa. Ningeweza kusema pale pale. Nilingoja ale. Kisha nikangoja mlale. Kisha nikasema Jumapili. Niliogopa wanaume wa mstari ule, niliogopa hakuna atakayenifungulia mlango tena nikiwa na kamera, na zaidi nilimwogopa yeye. Wiki tatu nilikula chakula chake nikijua. Kila siku aliyovumilia ilinifanya nione ni vigumu zaidi kusema, kwa kuwa ningepaswa kueleza na ile ya jana. Sasa nikijitazama naona sikuwa nangoja wakati mzuri. Nilikuwa nangoja achoke.

Akachoka. Siku aliyoondoka kwenda kwao ziwani ulikataa kumpa mkono. Ulisimama mlangoni, na viatu vya shule miguuni, ukasema, "Mimi siendi na mtu mwenye aliuza watu." Sitaisahau sauti yako. Alikuwa na haki ya kugeuka akuambie, muulize baba yako. Alinitazama mimi, juu ya kichwa chako, kisha akakurekebisha kola, akaenda. Nashuku alikuwa amejua. Nashuku alijua tangu nilipomjibu mara ya pili, maana yeye aliisikia sauti yangu mara zote mbili. Na kama alijua, basi alinyamaza ili ubaki na mzazi mmoja unayemwamini, akachagua huyo mmoja niwe mimi. Hilo nimelifikiria miaka saba na bado silimalizi.

Tulipohamia huku Kawangware ulidhani tumeikimbia aibu yake. Ilikuwa yangu. Barua zake unazozitupa chini ya godoro hili nililolikalia, bila kuzifungua, nazijua. Omena, dagaa za huko ziwani, anazotutumia kila Krismasi, ambazo huwa unanipikia mimi peke yangu na wewe unakula mayai, nimezila zote. Nimezila huku nikikusifu upishi.

Na sasa unaenda kupiga picha wanawake wa soko la samaki, kwenye mji ule ule alioko, na juzi umeniambia ukimwona utavuka barabara. Ulisema ukiwa unapiga pasi, wala hukukasirika. Hapo ndipo niliposhindwa kulala, si kwa ajili ya kandarasi.

Barua ya Asante Sana ina mstari mmoja ambao sikukusomea vizuri. Anasema bado anazo kanda zangu zote za zamani, hata zile ambazo hazikuingia kwenye filamu, na angependa uzitazame ujifunze jinsi baba yako alivyokuwa anafanya kazi. Ndiyo maana niliishika kwenye mwanga. Ndiyo maana nikakuambia kandarasi ina maneno mengi. Yeye ameitazama ile kanda mara mia bila kusikia chochote. Wewe utasikia mara ya kwanza. Utamsikia mama yako anauliza, na utamsikia anayejibu, na sauti hiyo umeijua tangu ukiwa tumboni. Nilitaka usiende, mwanangu. Nilikuwa tayari kukuvunjia kazi yako ili usiisikie.

Nimegundua nimewashuku watu wote hawa ili zamu yangu isifike.

Sikuambii usiizibe taa. Siku moja utaiziba, kioo cha gari kitakulazimisha au mtoto mchanga atashtuka. Sikuambii hata uwe mwema, kwa sababu mimi nilijiona mwema na kamera ikiwa begani. Ninalokuomba ni dogo. Mtu akikuuliza kama inachukua, mjibu. Ukishamjibu uongo utalazimika kumjibu tena, na safari ya pili atakuwa anakuuliza ukiwa unakula kwake. Na ukiwa na picha nzuri kupita kiasi, ile inayokufanya umpende kila mtu, jiulize nani kwenye picha hiyo hajui kwamba yumo.

Jumamosi nitaenda Soweto West kumtafuta Mama Otis. Sijui atanifanya nini, na usijisumbue kuwaza. Nimemwandikia mama yako pia, kurasa mbili, lakini nimezichana, kwa sababu kila nilipozisoma nilikuta namwomba anihurumie. Yeye nitamwandikia tena baada ya wewe kumwona. Kazi yako inaanza Jumanne. Kesho jioni ukifika, kabla hujawasalimia hao wa kamera, tafuta nyumba yake. Usipeleke ujumbe wowote kutoka kwangu, usiniombee msamaha, usinitetee hata kidogo. Mwambie tu kwamba umejua, kisha umwache aseme au asiseme.

Nilikuwa nimepanga kuificha barua hii ndani ya begi lako, chini ya nguo, ili uikute ukiwa umeshafika mbali. Nilishaikunja hata. Kisha nikajishuku. Ingekuwa ujanja ule ule, nisimame mahali ambapo huwezi kunitazama. Nitakupa mkononi, leo, kabla ya ugali, na nitakaa hapa hapa mpaka umalize. Ukitaka kunyamaza, nyamaza. Ukitaka nisikusindikize kesho, sema, gari linapita hapa njiani saa kumi na mbili na begi lako si zito.

Nasikia sauti yako langoni, unamwuliza msimamizi kama nimetoka leo au nimeshinda ndani. Wacha niishie hapa. Nikiendelea nitaanza kujitetea.

Baba yako,
aliyesema imezima.